Sura Bila Jina: Picha za Wazee wa Kimaori na Swali la Nani Anahifadhi Nini

Watu wengi huamini kwamba mzee akishapigwa picha, basi sehemu ya urithi wa watu wake imeokoka. Imani hiyo ndiyo inayoendesha miradi mingi ya makumbusho na hifadhi za nyaraka: kioo cha zamani chenye picha kinasafishwa, picha inapitishwa kwenye skana, inapewa namba, inapandishwa mtandaoni, na taarifa ya mwaka inaandika kwamba picha elfu kadhaa zimehifadhiwa. Historia ya picha za wazee wa Kimaori, wenyeji wa asili wa Nyuzilandi, ambayo sasa imepita miaka 150, inanifanya niitilie shaka hesabu hiyo. Kamera peke yake haikuhifadhi urithi wa Wamaori, na mara nyingine iliufuta waziwazi. Walioubakiza ni watu waliojua jina la aliye kwenye picha, ukoo wake, na mahali panapostahili kuwekwa picha hiyo. Taasisi inayotunza karatasi bila kutunza ujuzi huo inatunza sura tu.

Tuanze na dawa za kupigia picha, maana humo ndimo ufutaji wenyewe ulimofanyika. Mwaka 1851 Mwingereza Frederick Scott Archer alitangaza njia ya kupiga picha kwa kioo kilichopakwa ute wa kolodioni. Mpigapicha alikichovya kioo hicho kwenye maji yenye chumvi ya madini ya fedha, akakitia ndani ya kamera kingali kibichi, akapiga, kisha akakimbilia chumba cha giza kukitoa picha kabla hakijakauka. Kazi yote ilipaswa kumalizika ndani ya dakika chache. Njia hii ndiyo iliyotumika katika studio za Nyuzilandi katika miaka ya 1860 na 1870, wakati biashara ya picha za Wamaori ilipokuwa ikistawi. Lakini kioo cha kolodioni hakioni kama jicho la binadamu. Kinaupokea sana mwanga wa buluu na urujuani, na karibu hakiuoni wekundu, kwa hiyo kitu cha buluu hutoka cheupe na chenye wekundu hutoka cheusi.

Sasa fikiria uso wa mzee wa Kimaori wa wakati huo. Moko yake, yaani chanjo ya Kimaori ya usoni, ilichongwa kwa patasi ndogo ya mfupa iliyogongwa kwa kijiti hadi ngozi ikaingia mifereji, na ndani ya mifereji hiyo ikatiwa wino wa masizi ambao ukishakaa ngozini huonekana wa kijani chenye ubuluu. Msomaji aliyepata kuwaona wazee wa Kimakonde wenye nembo usoni ana pa kuanzia kuielewa. Mbele ya kolodioni, wino huo ulififia. Mahali patasi ilipokuwa imezama sana, kivuli cha mfereji kiliweza kubaki, lakini pengine paliposalia mistari hafifu tu, au uso mtupu kabisa, kana kwamba mzee hajawahi kuchanjwa. Baadhi ya wapigapicha walichukua brashi na kuichora moko upya juu ya picha au kioo chake, kwa hiyo mistari anayoitazama mtafiti leo katika baadhi ya picha hizo ni mkono wa mwenye studio, si mkono wa fundi wa moko.

Hasara hiyo haikuwa ya pambo. Moko ilieleza nasaba, cheo na mambo aliyoyatenda mtu. Mkataba wa Waitangi, kati ya machifu wa Kimaori na ufalme wa Uingereza, ulipotiwa saini kuanzia tarehe 6 Februari 1840, baadhi ya machifu hawakuandika majina yao bali walichora sehemu ya moko zao kwenye hati, na alama hiyo ikakubalika kuwa ni wao wenyewe. Miaka ishirini na ushei baadaye, kamera iliyosifiwa kwa kutosema uongo ilikuwa ikizitoa nyuso hizo bila saini zao. Mpigapicha Michael Bradley alilirudia jambo hili kwa makusudi katika maonyesho yake ya Puaki, yaliyofunguliwa mwaka 2018 katika makumbusho ya Waitangi: aliwapiga Wamaori wa leo wenye moko kwa kolodioni, kisha akawapiga tena kwa kamera ya kidijitali, akaziweka picha mbilimbili. Kwenye picha moja mtu ana historia nzima usoni, na kwenye nyingine ngozi yake ni tupu. Sijui hoja iliyoandikwa kwa maneno ambayo ingeweza kuwaeleza watu udhaifu wa ushahidi wa picha kwa uwazi kiasi hicho.

Dawa ilikuwa mwanzo tu. Lililofuata ni soko. Picha ndogo zilizobandikwa kwenye kadi ziliuzwa kwa walowezi na wasafiri waliotaka kumbukumbu ya nchi ya mbali, na studio zilijiwekea majoho na silaha za Kimaori za kuwavika waliokuja kupigwa picha, ndiyo maana joho moja huweza kuonekana mabegani mwa watu wasio na undugu wowote. Chini ya kadi liliandikwa neno la kuuzia: chifu wa Kimaori, bibi wa Kimaori, mrembo wa Kimaori. Hata hivyo ingekuwa makosa kuwafanya Wamaori wote wa wakati ule kuwa watu walioburutwa mbele ya kamera. Mfalme Tāwhiao, kiongozi wa harakati ya ufalme wa Wamaori ambayo vita vya Waikato vilishindwa kuizima, alipigwa picha mjini Auckland na Elizabeth Pulman, anayehesabiwa kuwa mwanamke wa kwanza nchini humo kuifanya kazi hiyo kwa riziki, na anayekutazama katika picha zake ni mtu anayejua thamani ya sura yake. Huko Napier, studio ya Samuel Carnell ilikuwa na wateja wa Kimaori waliokuja wenyewe. Kioo kilikuwa kilekile kwa wote, lakini picha iliyokwenda nyumbani na mwenyewe ilibaki na jina, na iliyokwenda sokoni ikabaki na bei.

Kutoka kwenye kadi, kosa la jina liliweza kuhamia kwenye turubai. Gottfried Lindauer, mchoraji aliyezaliwa Plzeň katika Bohemia na kufika Nyuzilandi mwaka 1874, alizichora sura nyingi za Wamaori kwa kutazama picha za studio. Mojawapo ya kazi zake zinazojulikana sana ni ya mwanamke aliyembeba mtoto mgongoni, iliyotokana na picha ya studio ya ndugu wa Foy huko Thames. Kwa miaka mingi mwanamke huyo aliitwa Ana Rupene. Leo jumba la sanaa la Auckland linamtambulisha kama Heeni Hirini. Turubai ilitunzwa vizuri wakati wote huo, rangi hazikupauka, na watu kwa maelfu waliitazama, lakini walikuwa wakimtazama mtu na kumwita kwa jina la mwingine. Katika jamii ambayo mtu hujieleza kwa kutaja mlima wake, mto wake na wazazi wa wazazi wake, kosa hilo halirekebishwi kwa kubadilisha kibao tu. Linagusa koo mbili kwa pamoja.

Kwa upande mwingine, Lindauer anatupa pia mfano wa kinyume. Mfadhili wake mkuu, mfanyabiashara wa tumbaku Henry Partridge, aliziweka kazi hizo juu ya duka lake katika mtaa wa Queen, Auckland, na kuweka kitabu cha wageni. Wamaori walifika, wakawatazama wazee wao, wakaandika humo kwa Kimaori. Ningependa kuona kila mkusanyiko wa aina hii ukiwa na kitabu cha namna hiyo, na kitabu chenyewe kikihesabiwa kuwa sehemu ya hazina, sawa na turubai.

Kwa nini Wamaori waliipokea picha, teknolojia ya watawala wao, na kuiingiza ndani kabisa ya ibada zao? Jibu linaonekana ndani ya wharenui, nyumba kuu ya mikutano katika marae, yaani uwanja wa jamii wa Wamaori. Nyumba hiyo huhesabiwa kuwa mwili wa babu: mti wa paani ni uti wa mgongo wake, kombamoyo ni mbavu, na nguzo zilizochongwa ni mababu wengine waliosimama kuizunguka jamaa. Picha zilipofika, zilipata mahali ambapo tayari palikuwa pameandaliwa. Katika marae nyingi picha za waliofariki hutundikwa ukutani ndani ya nyumba hiyo, na aliye hai hatundikwi pamoja nao. Mtu akifa, wakati wa tangihanga, yaani matanga ya siku kadhaa ambapo maiti hulazwa kati ya jamaa zake, picha za waliomtangulia hupangwa karibu na jeneza. Wanaosimama kuhutubia huzungumza na maiti moja kwa moja, na huwataja wale wa kwenye picha kama watu waliohudhuria. Baada ya mazishi, familia huweza kuibeba picha ya marehemu kwenda marae nyingine ili aliliwe huko na watu ambao hawakuwahi kufika. Hapo picha inafanya kazi. Inasafirishwa, inakumbatiwa, inaliliwa, na kila mara inapotolewa kuna mtu anayelazimika kusema ni nani huyu na anahusianaje na sisi.

Mtunza makumbusho aliyefunzwa kuvaa glavu na kupima unyevu wa chumba ataona hatari tupu katika matumizi hayo, na hakosei, kwa kuwa karatasi inayopita mikononi huchakaa. Lakini nikilazimika kuchagua kati ya picha iliyochakaa ambayo mtoto wa miaka saba anajua kuitaja na picha safi iliyoandikwa "mzee asiyejulikana", nitachagua ya kwanza, kwa sababu ya kwanza inaweza kunakiliwa kesho, ilhali jina likishapotea hakuna mashine ya kulirudisha.

Mgongano wa mitazamo hii miwili ulijitokeza hadharani mwaka 2001. W. H. T. Partington alikuwa mpigapicha wa Whanganui mwishoni mwa karne ya 19 na mwanzoni mwa karne ya 20, na picha zake za watu wa Mto Whanganui ni miongoni mwa nzuri zaidi za wakati wake. Mkusanyiko uliobaki katika familia yake ulipelekwa mnadani Auckland. Kwa sheria za kawaida hapakuwa na tatizo, kwa kuwa muuzaji alikuwa na haki ya kuuza na wanunuzi walikuwapo. Lakini watu wa Whanganui walikuja kupinga, kwa kuwa katika orodha ya mnada walikuwa wamewaona bibi na babu zao wakipangiwa bei, moja moja, kila mmoja aende kwa atakayetaja fedha nyingi zaidi. Mnada ukasitishwa, na baadaye mkusanyiko ukanunuliwa na kupelekwa katika makumbusho ya Whanganui, ambako ulionyeshwa kwa ushirikiano na wenyewe.

Kisa hiki husimuliwa mara nyingi kama ushindi wa mioyo juu ya biashara. Mimi nakiona zaidi kama swali la ujuzi. Mkusanyiko ukitawanywa, kila picha inakuwa pambo katika sebule ya mtu. Ukibaki pamoja, karibu na mto wenyewe, jirani anamtambua jirani, mwenye jina anamtaja asiye na jina, na joho linalofanana kwenye picha mbili linazua mazungumzo. Thamani ya picha ya tatu iko katika ya nne na ya tano. Mnada, kwa jinsi unavyofanya kazi, unaikata kamba hiyo hata kama kila mnunuzi ni mtu mwema.

Mto huohuo ulikwisha kuona jambo la kufanana na hilo. Kati ya mwaka 1919 na 1923, James McDonald wa makumbusho ya taifa ya wakati huo alisafiri na wataalamu wenzake kwenda Gisborne, Rotorua, Whanganui na Tairāwhiti kupiga picha na filamu za maisha ya Wamaori. Āpirana Ngata na Te Rangi Hīroa, wasomi wa Kimaori, walikuwa miongoni mwa waliosukuma kazi hiyo, jambo linalostahili kukumbukwa na wanaodhani kuwa uhifadhi wa namna hiyo ulikuwa mpango wa wazungu peke yao. Filamu zilikaa kwa miongo mingi bila kutazamwa na watu wanaohusika. Katika miaka ya 1980 hifadhi ya filamu ya Nyuzilandi ilizikarabati na kuzirudisha kwenye marae, zikaonyeshwa mbele ya wajukuu na vitukuu wa waliopigwa, na hapo ndipo majina yalipoanza kutajwa. Wataalamu wa maabara waliiokoa filamu isioze, ila maelezo ya ni nani na anafanya nini yalitoka kwa watazamaji.

Mfano ninaourudia zaidi akilini, hata hivyo, ni wa mwaka 1970. Marti Friedlander alizaliwa London, akalelewa katika makazi ya watoto yatima wa Kiyahudi, akahamia Nyuzilandi mwaka 1958. Pamoja na mwandishi Michael King alizunguka Kisiwa cha Kaskazini akiwapiga picha akina bibi wenye moko kauae, ile inayochanjwa midomoni na kidevuni, na mwaka 1972 kazi hiyo ikatoka kama kitabu. Wakati huo wengi walidhani kwamba hao ndio wa mwisho, na kwamba wakizikwa, desturi nayo itazikwa. Filamu ya kamera ya wakati huo haikuwa na upofu wa kolodioni. Ilizishika alama zote za kidevuni pamoja na mikunjo ya uzee iliyopita juu yake. Lakini tofauti kubwa zaidi haikuwa ya filamu. Friedlander aliwafuata akina bibi hao kwao, wakaketi au kusimama na nguo zao wenyewe, na hakuna joho la studio lililotupwa mabegani mwao. Wapo wanaotabasamu. Wapo wanaomtazama mpigapicha kwa namna inayoonyesha kwamba mgeni ni yeye. Sura hizo baadaye alizikabidhi Te Papa, makumbusho ya taifa.

Wanaouita mradi huo mwokozi wa kauae wanauzidishia. Desturi hiyo iliinuliwa na harakati pana ya Wamaori wenyewe: matembezi ya kudai ardhi ya mwaka 1975 yaliyoongozwa na Whina Cooper, shule za awali za kohanga reo, zinazowalea watoto kwa Kimaori, zilizoanza mwaka 1982, sheria ya mwaka 1987 iliyoifanya lugha ya Kimaori kuwa rasmi, na mafundi walioamua kujifunza upya ufundi huo. Leo kauae iko bungeni na kwenye taarifa ya habari. Nanaia Mahuta alichanjwa mwaka 2016 akiwa mbunge, na mwaka 2020 akawa mwanamke wa kwanza nchini humo kuwa waziri wa mambo ya nje. Picha za 1970 zilikuwa na nafasi yao ndani ya harakati hiyo kwa sababu zilikuwa na majina. Binti anayetaka kuchanjwa hatafuti mchoro mzuri wa kunakili. Anatafuta alichokuwa nacho bibi yake. Kidevu kisicho na mwenyewe hakimfai.

Nia njema, hata hivyo, haitoshi. Mwaka 1964 idara ya elimu ilichapisha kwa ajili ya shule kijitabu cha picha za Ans Westra, mzaliwa wa Uholanzi, kuhusu familia moja ya Kimaori ya kijijini. Chama cha ustawi wa wanawake wa Kimaori kililalamika kwamba nyumba duni iliyoonyeshwa ingechukuliwa kuwa ndiyo hali ya Wamaori wote, na serikali ikaamuru nakala zipatazo 38,000 ziondolewe. Sipendi kitabu kuharibiwa, na picha zenyewe zina upole mwingi. Ila malalamiko yale yaliuliza jambo la haki: aliyeamua kwamba familia hii iwawakilishe wenzake ni nani?

Swali hilo limekuwa zito zaidi katika enzi ya kidijitali. Picha za karne ya 19 zimekwisha kutoka katika hakimiliki, maana sheria ya hakimiliki humlinda mpigapicha na warithi wake kwa muda fulani, na haimjui kabisa aliyekaa mbele ya kamera. Kwa mujibu wa sheria, mtu yeyote anaweza kuichukua sura ya babu wa Kimaori akaichapisha kwenye kikombe au kwenye kitambaa cha kufutia vyombo. Kwa Mmaori, kichwa ni kitu kitukufu kisichochanganywa na chakula, na kikombe chenye uso wa babu ni tusi ambalo hakuna hakimu wa kulisikiliza. Dai linalojulikana kama Wai 262, lililofikishwa mwaka 1991 mbele ya Baraza la Waitangi, linalosikiliza madai ya Wamaori dhidi ya serikali, lilihoji nani ana mamlaka juu ya ujuzi na kazi za Wamaori, na ripoti yake ilitoka mwaka 2011 ikipendekeza kinga mpya kwa kazi za urithi pamoja na nafasi ya walinzi wake wa kimila. Miaka ishirini kutoka dai hadi ripoti, na mabadiliko ya sheria yameendelea kwenda kwa mwendo wa kobe.

Wanahistoria wengi wanatetea uwazi kamili. Wanasema kwamba hifadhi ya umma inayofunga kabati lake inasaliti kazi yake, na kwamba mjukuu anayeishi Sydney au London ataipata picha ya babu yake mtandaoni tu. Hoja hiyo ina uzito, na upande wa mjukuu nauafiki kabisa. Lakini mjukuu huyo na mwenye kiwanda cha vikombe si mtu mmoja, na mfumo unaowapa wote wawili mlango uleule umekataa kufikiri. Tangu zamani hifadhi zimezuia barua za wanasiasa kwa miaka 30 au zaidi bila mtu kulia kwamba historia imeuawa. Kuwaruhusu wazee wa marae waseme kwamba picha fulani ionekane kwa ukubwa mdogo, au iombewe ruhusa kwanza, ni kizuizi chepesi kuliko hicho. Gharama yake ipo: baadhi ya picha nzuri hazitaonekana vitabuni, na mtafiti mmoja au wawili watakosa ushahidi. Mimi naikubali gharama hiyo.

Kwa hiyo fedha za uhifadhi zielekezwe wapi? Skana hununuliwa mara moja. Kinachogharimu ni kuzichukua nakala hadi mtoni, kulala marae, kula na wenyeji, kungoja bibi wa miaka tisini apate nafasi ya kuzitazama, kurudi tena kwa sababu mara ya kwanza alikuwa msibani, na kumlipa mtu anayekijua Kimaori kuandika kila anachosema. Kazi hiyo haina namba za kujazia taarifa ya mwaka, na ndiyo inayokatwa kwanza bajeti inapopungua. Wakati huohuo, kadi za studio za miaka ya 1860 na 1870 bado zinauzwa mtandaoni, nyingi zikiwa zilikwisha kuvuka bahari mikononi mwa wasafiri wa wakati ule, na maelezo yake ni yaleyale ya chifu wa Kimaori. Sheria ya Nyuzilandi inadhibiti usafirishaji wa vitu vya urithi kutoka nchini, lakini haina la kusema kwa muuzaji wa London na mnunuzi wa Chicago, wala haiwalazimu wawili hao kuuliza watu wa Whanganui kama wanamfahamu aliye kwenye kadi.